Bi Pandashuka na Jumba la Ghorofa Nne

Bi Pandashuka aliingia Ghorofa Nne akiwa na miaka kumi na tisa, na tangu siku ya kwanza hakuwaona wenye jumba kuwa watu wa maana. Walimpitia wenye jumba watano. Wote aliwatazama kwa jicho lile lile la pembeni, mdomo umebetuliwa kidogo upande wa kushoto, kama mtu aliyeonja maziwa akahisi yameanza kuchacha.

Jumba lilikuwa katikati ya mji, kwenye kona ya barabara mbili kubwa, na liliitwa Ghorofa Nne kwa sababu enzi zake hapakuwa na jingine la kulifikia. Wa kwanza kati ya hao watano alikuwa Mwenye Duka, bwana mnene wa viatu vyeupe. Chini aliuza vyombo na manukato, ghorofa ya kwanza vitambaa, ya pili viatu na masanduku ya safari, ya tatu fanicha. Kila mgeni alimsimulia kwamba jumba lile alilijenga kwa mikono yake. Wafanyakazi walijua kwamba limejengwa na baba mkwe wake, na kwamba mikono ile haijawahi kuinua kitu kizito kuliko kitana.

Alimwajiri msichana yule kuendesha lifti kwa sababu mwendeshaji wa kabla yake, mwanamume mwenye koo la mnadi, alikuwa anawatisha wateja wa kike kwa kelele. Akampa sare ya rangi ya damu ya mzee yenye vifungo vya shaba, na glavu nyeupe. Jina lake la kuzaliwa halikukaa hata mwezi. Wauzaji walimwita Pandashuka, wateja wakadaka, na alipofikia umri wa kuitwa Bi, likawekwa Bi mbele na mambo yakaishia hapo.

Lifti yenyewe ilikuwa kizimba cha mbao zilizopigwa vanishi, chenye lango la vyuma la kukunja, kiti kidogo cha kukunjua ukutani, na mpini wa shaba. Mpini ukiusukuma kulia, lifti inapanda, kushoto, inashuka, katikati, inasimama. Haikuwa na kitufe hata kimoja. Fundi aliyeifunga alimfundisha kwa wiki mbili.

"Lifti hii haina akili," alimwambia. "Akili yote iko kwenye mkono wako. Ukichelewa kuachia, mtu anajikwaa. Ukiwahi, anajikwaa vilevile. Nataka sakafu na sakafu zikutane kama meza moja."

Akatoa kibiringo cha uzi mfukoni, akakiviringisha kutoka ndani ya lifti kwenda nje. Kikikwama kwenye ufa, Pandashuka anarudia. Kikipita bila kusita, anaruhusiwa kwenda kula. Wiki ya kwanza alikula chakula kilichopoa kila siku. Miezi mitatu baadaye aliweza kuisimamisha amefumba macho, kwa kusikiliza tu mlio wa kamba juu ya dari.

Hakuna mteja aliyeligundua hilo. Waliingia wakijitazama kwenye kioo cha nyuma, wakatoka wakiendelea kujitazama. Yeye aliwatazama wao. Kulikuwa na bibi mmoja wa kofia ya manyoya aliyenunua kifungo kimoja ghorofa ya kwanza, kisha akapanda hadi ya tatu kujaribu makochi mpaka saa ya chakula, na kila kochi alilitia kasoro. Kulikuwa na mabwana waliopanda wamemshika mke kiuno, wakashuka wamebeba maboksi mpaka kidevuni na nyuso za watu waliofiwa. Na kila asubuhi alikuwepo Mwenye Duka mwenyewe, aliyepanda ghorofa moja moja ili kila ghorofa wasimame wamwamkie. Wakishaamkia, anashuka, anakwenda zake nyumbani kulala.

"Ameamkiwa?" wauzaji walimuuliza.

"Ameshiba," Pandashuka alijibu, na kufunga lango.

Mtu mmoja tu ndiye aliyemfanya akosee sakafu. Alikuwa mpima viatu wa ghorofa ya pili, kijana mpole, mrefu, aliyezoea kuongea na watu akiwa amepiga goti kwa sababu ya kazi yake. Alipanda lifti kila siku kwa safari ambazo angezimaliza kwa miguu. Siku moja, wakiwa watatu humo ndani pamoja na mama mmoja mwenye mfuko wa vitambaa, akasema taratibu, "Nimekwenda kwenu kuulizia. Wamesema nikuulize wewe kwanza."

Lifti ikasimama shubiri nzima chini ya sakafu. Yule mama akajikwaa, vitambaa vikasambaa.

"Ondoka nifanye kazi," Pandashuka alimwambia yule kijana, masikio yakimwaka.

Kesho yake alimkubalia, katikati ya ghorofa ya kwanza na ya pili. Wakaoana, wakapata mtoto wa kike mmoja. Mpima viatu hakuwa na makuu, na nyumbani ndiye aliyekuwa akisema, "Sasa mke wangu, huyo naye amekukosea nini?" Mkewe alifikiri, akaendelea kumsema huyo mtu. Mume huyo alifariki kwa ugonjwa wa figo mtoto akiwa na miaka kumi na miwili, na baada yake hapakuwa tena na mtu wa kuuliza swali lile.

Duka lilikufa kabla ya mpima viatu. Mwenye Duka alipozeeka, wanawe watatu walianza kuvutana. Mmoja alitaka ghorofa ya vitambaa iwe ya saa za mkononi, mwingine akataka iwe ya redio, wa tatu hakujua anataka nini ila alikataa matakwa ya wenzake. Milango ya chuma ikateremshwa siku ya Jumatatu bila mtu kuaga. Baadaye serikali ikalinunua jumba. Wauzaji wote walifukuzwa, lakini mwendesha lifti, pamoja na bawabu na pampu ya maji, alihesabiwa miongoni mwa vifaa vya jumba, akabaki.

Hapo ikaja Idara ya Vibali. Kama ulitaka kibali cha kuchimba kisima, cha kupandisha ukuta, cha kuning'iniza kibao nje ya kinyozi, ulikuja Ghorofa Nne. Zile kumbi pana walizigawa kwa mbao nyembamba zilizotetemeka mtu akipiga chafya. Kila ubao ulikatwa dirisha, na kila dirisha lilikatwa chini mno, usawa wa tumbo, hata mwombaji akalazimika kuinama ili kusema na karani aliyekaa. Bi Pandashuka hakuamini kwamba ilikuwa bahati mbaya. Makochi yaliyobaki ghorofa ya tatu yalipakiwa kwenye lori kwenda kutengenezwa, na kwa ajabu yalitengenezewa sebuleni kwa wakubwa, yakabaki huko.

Mkuu wa Idara alikuwa mtu wa kalamu tatu mfukoni. Tangazo lake la kwanza lilikuwa kwamba lifti ni ya maofisa peke yao. Wazee wenye magongo wakapanda ngazi, na yeye, mwenye miguu kama ya mpiga mpira, akapanda lifti kwenda ghorofa ya kwanza. Mwaka wa tatu aliletewa kabati la chuma la kuhifadhia siri. Wapagazi wanne walilisukuma hadi mlangoni pa lifti, wakasimama wakihema.

"Bwana mkubwa," Bi Pandashuka alisema, "lifti hii ni ya watu sita. Kabati hili ni watu kumi na mbili, na wote wanene."

"Wewe ni mhandisi?"

"Hapana."

"Basi endesha."

Akaendesha. Walipoipita ghorofa ya kwanza, juu kulilia kitu, ikafuata harufu ya mpira unaoungua. Lifti ikashuka polepole, kama mtu anayekaa chini kwa kuchoka, ikatua ghorofa ya chini. Haikupanda tena. Ripoti iliandikwa siku hiyo hiyo, na mpiga chapa, aliyekuwa rafiki yake, akamwonyesha nakala kwa siri: *Uharibifu umetokana na mwendeshaji kuchelewa kuachia mpini.* Bi Pandashuka aliisoma mara mbili. Aliirudisha, akaenda kukaa kwenye kiti chake cha kukunjua, akalia kidogo, uso ameuelekeza kwenye kioo ili mtu akipita adhani anajitengeneza.

Kipuri kikaagizwa. Kwa miaka kumi na mmoja kilikuwa kimeagizwa. Muda wote huo alikuja kazini saa moja na nusu asubuhi, akavaa sare, akaketi ndani ya lifti isiyokwenda, akafungua daftari la safari na kuandika tarehe, na mbele yake neno moja: *Hakuna*. Alipandishwa daraja mara mbili. Ndicho kitu pekee kilichopanda mle ndani.

Asingekuwepo, watu wangepotea zaidi. Mwombaji aliyeingia ameduwaa, karatasi mkononi, alimkuta pale mlangoni, akaelekezwa bila kuulizwa.

"Dirisha la tisa, lakini leo hayupo. Kesho yupo ila hafanyi kazi. Njoo Alhamisi kabla ya saa nne, akirudi kunywa chai huwa ameshachoka."

"Ahsante, mama."

"Usinishukuru mimi. Na ukifika usiiname sana, watakuzoea."

Idara ilipohamia kwenye jengo jipya la vioo, yeye alifikia umri wa kustaafu. Walimuaga kwa hotuba na cheti kilichosomeka *Mwendesha Lufti Daraja la Kwanza*. Akakitazama, akauliza lufti ni mnyama gani. Hawakucheka.

Mwenye jumba wa tatu alikuwa Profesa. Alijiita hivyo mwenyewe, ili kuwaondolea wengine usumbufu. Alifungua Chuo cha Biashara, Lugha na Kompyuta, na kweli kompyuta ilikuwepo, moja, ghorofa ya tatu, imefunikwa kitambaa cha meza. Wanafunzi walipelekwa kuiona kwa zamu. Bi Pandashuka, ingawa amestaafu, alichukuliwa tena kulinda mlango, na akawaona vijana wa watu wakipanda na kushuka zile ngazi na madaftari yao, wamechomekea, wana haraka, wana imani. Hao peke yao hakuwabetulia mdomo. Walipogundua kwamba vyeti vya Profesa havipokelewi popote, Profesa alikuwa ameshasafiri, na zile hasira zilimalizikia kwenye madirisha ya ghorofa ya kwanza.

Baada yake jumba lilishikwa na dalali, mtu wa miwani ya giza asiyeivua hata ndani. Huyo aliligawanya mpaka likakosa pumzi. Palipokuwa na chumba akatoa vibanda vinane, na vilipoisha akapangisha hata kona za ngazi. Chaja, kava za simu, wigi, saa, mihuri, nguo za ndani. Nyaya za umeme zilining'inia darini kama tambi. Katika ugawaji huo, kizimba cha lifti kilipata mpangaji: binti wa Bi Pandashuka, fundi simu.

Alifunga taa juu ya kile kioo, akatundika makopo ya vipuri kwenye lango la kukunja, akaweka meza ya upana wa kifua. Mikono yake ilikuwa myepesi. Simu iliyozama majini, iliyokanyagwa na gari, iliyotafunwa na mbwa, ililetwa kwake. Ulimi ulikuwa wa mama yake. "Simu nzima," alimwambia mteja mmoja. "Mwenye simu ndiye sijui nianzie wapi." Mama alikuja mara moja kwa siku kumletea chakula cha mchana, akasimama nje ya lango na kutazama ndani, kisha akaondoka. Hakuwahi kusema lolote kuhusu mahali pale, lakini siku binti aliposema anataka kuung'oa ule mpini ili aongeze nafasi, alijibiwa neno moja tu: "Uache." Akauacha.

Miaka sita wakaishi hivyo. Kisha dalali akauza, au akanyang'anywa, kila mtu alikuwa na habari yake, na Kampuni ya Hoteli ikabandika karatasi mlangoni: wapangaji wote waondoke ndani ya mwezi mmoja, jumba ni urithi na linarudishiwa hadhi yake. Binti alifungasha vipuri kwenye ndoo mbili za plastiki. Akapata nafasi chini ya ngazi za jengo jirani, penye giza na harufu ya mifereji, ambako mtu mrefu hasimami wima.

Jumba lilipokuwa likipanguswa vumbi, mafundi walikuta boksi la picha ghorofa ya juu. Miongoni mwake ilikuwa picha ya msichana wa sare, glavu nyeupe, mkono juu ya mpini, haangalii kamera. Hapo ndipo Kampuni ilipomtuma Mtaalamu wa Urithi, bwana mwembamba mwenye shati la kitani, akatafuta mpaka akampata nyumbani kwake.

"Bibi," alisema, mikono kifuani, "wewe ni historia."

"Mimi ni mtu. Kaa. Kiti hicho kina mguu mbovu, usiegemee."

Alikaa kwa tahadhari. Akaeleza. Lifti inatengenezwa upya, mbao zile zile, lango lile lile, mpini ule ule. Wanataka mwendeshaji wake wa zamani awakaribishe wageni, saa chache tu kwa siku, sare atashonewa mpya. Bi Pandashuka alimsikiliza huku mdomo ukienda kushoto kama kawaida. Lakini aliposikia kwamba lifti itapanda, mdomo ulirudi katikati, akainuka kwenda jikoni kutafuta kitu ambacho hakikuwepo. Aliporudi, akasema ndiyo.

Binti alizipata habari jioni ile, akiwa anaosha mikono.

"Wamenitoa mimi, wanakuingiza wewe?"

"Hawakukutoa kwa ajili yangu."

"Sijasema hivyo. Nimesema unaingia."

"Lifti inatembea tena."

"Mama, umewasema watu wale tangu sijazaliwa. Umemsema kila aliyewahi kushika ufunguo wa jumba lile. Hawa ndio wamekuwa wazuri?"

"Sikusema wazuri."

"Basi nenda," binti alisema, akajifuta mikono kidole kimoja kimoja. Kwa wiki tatu zilizofuata hakumpigia simu mama yake, wala mama hakupeleka chakula chini ya ngazi.

Sare mpya ilikuja imembana kwapani. Meneja wa hoteli, mama mmoja kijana mwenye visigino vikali, alimkabidhi karatasi yenye maneno ya kuwaambia wageni. Ilisema kwamba jumba lilijengwa na mfanyabiashara mwenye maono. Kwamba mabibi na mabwana wa mji walikutana hapa. *Kisha jumba likapumzika kwa miaka mingi, hadi leo lilipoamka.*

"Likapumzika?" Bi Pandashuka aliuliza.

"Ndiyo, bibi. Imeandikwa na Mtaalamu."

"Watu wameinama kwenye vidirisha miaka kumi na minne. Wanafunzi wameibiwa. Mwanangu alikuwa na kazi humu. Ndiko kupumzika huko?"

"Wageni wanakuja kustarehe," Meneja alisema kwa upole, kama anayemsemesha mgonjwa. "Si kila kitu lazima kisemwe."

Alimeza. Alikuwa amekuja kwa ajili ya lifti. Walipomwingiza humo, mbao zinang'aa, kioo kipya, mpini umesuguliwa mpaka unatoa mwanga, alizigusa mbao kwa kiganja. Alivaa glavu. Akasukuma kulia, polepole. Lifti ikapanda bila mlio wowote. Akasikiliza kamba, hakuisikia. Akaachia mahali pale pale mkono wake ulipojua, na sakafu zikakutana kama meza moja. Alisimama pale akitazama ule mstari, ameshika kinywa. Baada ya miaka yote ile, mkono haukusahau. Siku hiyo alikwenda nyumbani kwa miguu, na watu wa mtaa wake wanasema aliwaamkia wote.

Siku ya nne alikuwa ghorofa ya pili, ametakiwa kushuka. Kwa kuchanganyikiwa kidogo na mazungumzo ya wapambaji, akasukuma mpini kulia. Lifti ikashuka.

Akafikiri amekosea kuona. Akausukuma katikati. Ikaendelea kushuka. Akauachia kabisa, akarudi nyuma hadi mgongo ukagusa kioo. Lifti ikashuka kwa utulivu hadi chini, ikasimama sawasawa na sakafu, na mlango ukafunguka.

Fundi wa lifti alikuwa pale chini akikusanya vifaa vyake.

"Kaka, huu mpini umeshikana na nini?"

"Haujashikana na kitu, bibi. Ni pambo." Akainama, akamwonyesha ubao mdogo uliofichwa nyuma ya mbao, wenye taa za kijani. "Inaendeshwa na huyu. Mgeni akibonyeza kule nje, huyu anajua; siku hizi za kujaribu nabonyeza mimi. Wewe unazungusha tu, wapate kupiga picha. Hawakukuambia?"

"Hawakuniambia."

"Samahani, bibi. Nilidhani unajua."

Hakuacha kazi siku ile, wala kesho yake, na katika maisha yake yote hilo ndilo jambo ambalo baadaye hakupenda kuulizwa. Angewezaje kumwambia binti yake? Maneno aliyokuwa akiwapaka Mwenye Duka na viatu vyake, Mkuu wa Idara na kalamu zake, Profesa na kompyuta yake ya kufunikwa, sasa yalimtazama yeye kutoka kwenye kile kioo: bibi kizee aliyevalishwa vifungo, anazungusha chuma kisichofanya kazi, anasema jumba lilipumzika. Alizungusha siku kumi. Kila lifti iliposimama sawasawa na sakafu, alihisi amepigwa kofi.

Siku ya ufunguzi walijaa watu wa kunukia. Mtaalamu alihutubia, akataja maono mara saba. Kisha wageni wa heshima wakaingizwa kwenye lifti sita sita, na katika kundi la kwanza, mwenye gongo la fedha, nywele nyeupe, kalamu tatu mfukoni, alikuwa yule Mkuu wa Idara wa zamani. Sasa alikuwa mmoja wa wenye hisa wa hoteli. Hakumtambua Bi Pandashuka. Watu wa aina yake hawakumbuki sura za watu wa milangoni.

Lifti ilipoanza kupanda, yule mzee akawageukia wenzake. "Niliwahi kuongoza ofisi humu. Lifti hii haikupata kuharibika enzi zangu. Tulikuwa na nidhamu."

Wenzake wakatikisa vichwa kukubali.

Bi Pandashuka akauondoa mkono wake kwenye mpini. Akavua glavu, ya kulia kisha ya kushoto. Akakunja mikono kifuani. Lifti ikaendelea kupanda, na wale sita wakatazama mpini uliokaa wenyewe, kisha wakamtazama yeye.

"Lifti hii uliiua wewe, bwana mkubwa," alisema, bila kupandisha sauti. "Uliipakia kabati la chuma la watu kumi na mbili. Nilikuambia ukaniuliza kama mimi ni mhandisi. Kisha ukaandika kwamba nilichelewa kuachia mpini. Nimeisoma ripoti, ina sahihi yako. Sikuchelewa. Sijawahi kuchelewa ila mara moja, na siku hiyo nilikuwa naposwa."

Yule mzee aligonga sakafu kwa gongo lake.

"Na hii ya leo inakwenda yenyewe. Mimi nimewekwa kama chungu cha maua."

Ghorofa ya tatu mlango ukafunguka. Mama mmoja mgeni alianza kucheka, wengine wakamfuata, kicheko cha watu waliofurahishwa, na simu zikatoka mifukoni kumpiga picha. Bi Pandashuka aliwapita, akashuka kwa ngazi, mkono ukutani, goti likimuuma kila hatua.

Alimkuta Meneja akimngoja chini. Alijiandaa kufukuzwa, na alikuwa ameshapanga la kujibu.

"Bibi, wamependa sana," Meneja alisema, macho yanang'aa. "Yule mzee amenuna, lakini atatulia. Kuvua glavu, mikono kifuani, chungu cha maua! Nataka ufanye hivyo hivyo kila siku, saa kumi na saa kumi na mbili. Tutamtafuta mtu wa kuigiza bwana mkubwa."

Kwa mara ya kwanza katika miaka hamsini ndani ya jumba lile, Bi Pandashuka alikosa neno la dharau lenye ukubwa wa kutosha. Alimtazama yule mwanamke juu mpaka chini, akarudi juu. Kisha akafungua vile vifungo vya shaba kimoja kimoja, akalikunja koti vizuri kama alivyofundishwa na wauza vitambaa, akaliweka mikononi mwa Meneja na kutoka na blauzi yake ya ndani.

Binti alikuwa chini ya ngazi, ameinamia simu iliyofunguliwa tumbo. Aliona viatu vya mama yake kwanza.

"Koti liko wapi?"

"Nimeliacha."

"Na kazi?"

"Hakukuwa na kazi. Mpini haukushikana na kitu."

Binti akaweka koleo chini. Ungeweza kuona maneno makali yakimjia moja baada ya jingine, na yote yalikuwa ya haki. Mwishowe alivuta ndoo ya plastiki, akaigeuza, akaipangusa kwa kiganja.

"Ulijua tangu lini?"

"Siku kumi."

"Siku kumi, mama?"

"Siku kumi. Usiulize tena."

Hakuuliza. Bi Pandashuka akakaa juu ya ndoo, magoti yakigusa meza, kichwa ameinamisha kwa sababu ya ngazi. Watu walipita juu yao wakitingisha vumbi. Baada ya muda akaja bwana mmoja mwenye suti, ameshika simu kwa ncha za vidole, akaeleza kwamba imeanguka chooni, ila si yeye aliyeiangusha.

"Lete," Bi Pandashuka alisema, akaunyoosha mkono, mdomo ukianza safari yake ya kushoto. "Imekwenda chooni yenyewe, bila shaka. Ilikuwa na haja."

Siku hizi yuko pale kila asubuhi, na wateja wengine humwambia binti pembeni kwamba bibi anawakaripia. Binti hujibu kwamba hata yeye anakaripiwa, na kwamba simu itakuwa tayari saa tisa.